REZISTANSI YA MATERO: NAMNA YA KUSOMA SOMO LA NGUVU YA VITU



Wengi wenu wa matematike-fizike na wa seksio ya ujenzi wametuuliza kama ni kweli kwamba somo linaloangusha watu wengi ku polytechnique ni lile la rezistansi ya matero, RDM kwa ufupi. Ni kweli, linaangusha. Lakini sisi tuliotoka katika shule hii na tuko tunalisoma sasa, tunaona kwamba haliangushi juu ya ugumu wake. Linaangusha sababu watu wanalianzia mwisho: wanashika formule kwa kichwa, kiisha siku ya egzame wanatafuta ni formule gani itakubali namba walizopewa. Basi tumewaza kuwaandikia kidogo juu ya somo hili, ili yule atakayeenda huko asifike mikono mitupu, na yule asiyeenda ajue hata hivyo juu ya nini nyumba anamolala inasimama.

RDM inauliza maulizo mawili tu. La kwanza: kitu hiki kitavunjika ao hapana? La pili: kitapinda kiasi gani? Musichanganye hayo mawili. Boriti inaweza kukataa kuvunjika hata kidogo, lakini ikapinda vya kutosha hata plafo inapasuka na mlango chini yake haufunguki tena. Mwenye nyumba hatakushukuru kwa sababu boriti haijavunjika.

Tuanze na chaki. Kila kalasi iko nayo, na vipande vyake vinatupwa bure. Chukueni chaki nzima, muipinde kwa vidole viwili vya kila mkono. Inakatika mara moja, na pale ilipokatika ni sawa, kama imekatwa na kisu. Sasa chukueni nyingine, musiipinde, lakini muizonge kama vile mama anavyokamua nguo ya maji: mkono mmoja mbele, mwingine nyuma. Muangalie vizuri vipande. Haikukatika sawa! Imekatika kwa kuzunguka, kama ngazi inayopanda kuzunguka nguzo, na mstari wa ngazi hiyo unainama karibu digri 45.

Juu ya nini? Hapo ndipo somo zima limefichwa. Chaki inavumilia kukandamizwa, lakini haipendi kuvutwa. Wakati munaizonga, munafikiri munaizungusha tu. Kumbe ndani yake, kwa mstari mmoja wa kuinama, chembe zinavutwa, na kwa mstari mwingine unaokata ule wa kwanza, chembe zinakandamizwa. Chaki inafunguka pale inapovutwa zaidi. Jaribuni kuchora mraba mdogo juu ya gome ya kufutia, pande zake mbili zikilala sawa na urefu wa gome, kiisha muizonge: mraba unageuka kama almasi, pembe mbili zinaenda mbali, pembe mbili zinakaribiana. Zile zinazoenda mbali ndizo zinazovutwa. Chuma laini, kwa upande mwingine, kikizongwa hata kikatike, kinakatika sawa, sababu chuma laini kinashindwa kwa kuteleza mbele ya kushindwa kwa kuvutwa. Mtu anayeweza kueleza chaki na chuma hivi ameshafahamu kitu ambacho wengine wanakifikia mwisho wa mwaka.

Sasa, nguvu peke yake haitoshi kutuambia kitu. Kilo 100 juu ya uzi ni kifo cha uzi. Kilo 100 juu ya nguzo ya beto si kitu. Inapashwa kugawanya nguvu kwa eneo la pale inapopita. Matokeo ndiyo tunaita kontrenti. Tukipima nguvu kwa niutoni na eneo kwa milimetre karé, kontrenti inakuja kwa megapaskali: niutoni 1 kwa milimetre karé 1 ni MPa 1. Mushike hilo, litawaokoa mara nyingi.

Mfano: chuma cha beto cha milimetre 12, kile tunachoona kila siku ku shantie. Eneo lake ni karibu milimetre karé 113. Tundika mzigo wa kilo 1000, ni kusema karibu niutoni 10 000. Kontrenti ni 10 000 kugawanya na 113, karibu MPa 88. Chuma cha kawaida cha beto kinaanza kulegea karibu MPa 400, basi hakuna hofu. Lakini kinarefuka? Ndiyo, kinarefuka, hata kama jicho halioni. Moduli ya Young ya chuma ni karibu MPa 200 000. Kama chuma kina urefu wa metre 2, kitarefuka kwa 88 × 2000 kugawanya na 200 000, karibu milimetre 0,9. Ukitoa mzigo, kinarudi kama zamani.

Kwamba kurefuka kunafwata nguvu (nguvu mara mbili, kurefuka mara mbili), aliyeisema wa kwanza ni Mwingereza Robert Hooke. Mwaka 1676 aliitangaza kwa herufi zilizochanganywa, ili mtu asimwibie, na mwaka 1678 ndipo akafungua siri. Tunacheka, lakini namna ile ya kuficha ilikuwa ya kawaida kwa watu wa elimu wa nyakati zile. Siku hizi kuna wanafunzi wanaoficha kaye yao siku tatu mbele ya kontrole. Wao wenyewe hawawezi kusema kwamba ni juu ya elimu.

Tuje kwa boriti, sababu hapo ndipo wengi wanapotea. Tuchukue ubao unaotupwa juu ya mfereji, urefu metre 3 kati ya kando na kando, upana santimetre 20, unene santimetre 5. Mwanafunzi wa kilo 60 anasimama katikati. Uzito wa ubao wenyewe tuuache kwanza. Kilo 60 ni karibu niutoni 600, na kila kando inabeba nusu yake, niutoni 300. Mpaka hapa ni statike ya kalasi yenu ya fizike, hakuna kitu kipya.

Sasa fanya kazi moja ambayo ni roho ya RDM: kata ubao kwa mawazo. Si kwa msumeno! Kata katikati, tupa nusu ya kuume, baki na nusu ya kushoto. Nusu hii inasukumwa kwenda juu na kando ya mfereji kwa niutoni 300, mbali na pa kukata metre 1,5. Kama hakuna kitu kingine, itazunguka na kuruka. Lakini hairuki. Ni nani anaizuia? Ni zile nyuzi za mti pale tulipokata. Nyuzi za juu zinasukumana, nyuzi za chini zinavutana, na hizo mbili pamoja zinafanya mzunguko wa kupinga. Mzunguko ule ni 300 × 1,5, ni kusema niutoni-metre 450. Ndiyo momenti ya kupindika.

Ukiuliza mwanafunzi momenti ni nini, na akakujibu tu «ni PL juu ya 4», umuombe akate ubao. Akishindwa, hajui.

Tuendelee ndani ya pale palipokatwa. Juu kabisa nyuzi zinakandamizwa sana, chini kabisa zinavutwa sana, na katikati kuna mstari ambao hauvutwi wala haukandamizwi. Kutoka mstari ule, kontrenti inapanda polepole kama pembe tatu mpaka inafika kilele ku ukingo. Kwa pembe tatu mbili za namna hii, jumla ya nguvu za juu na jumla ya nguvu za chini zinakaa mbali moja na nyingine theluthi mbili za unene wa ubao. Ubao wetu umelala, unene ni santimetre 5, basi umbali ni santimetre 3,33. Momenti yetu ni niutoni-santimetre 45 000. Gawanya na 3,33: mupate niutoni 13 500.

Musome namba ile tena. Mwanafunzi wa kilo 60 amesimama juu, na tumbo la ubao linavutwa na nguvu ya kilo 1350! Siyo uchawi. Mkono wa nguvu huko ndani ni mfupi sana, ule wa nje ni mrefu. Ndiyo sababu ni vyepesi kuvunja kijiti kwa kukipinda, na ni karibu haiwezekani kukikata kwa kukivuta.

Nguvu hii ya niutoni 13 500 inaenea katika nusu ya chini, yenye eneo la santimetre karé 50. Kwa kati ni niutoni 270 kwa kila santimetre karé, na ku ukingo, kilele cha pembe tatu, ni mara mbili: 540, ni kusema MPa 5,4. Mti mzuri unavumilia. Lakini wanafunzi sita wakijibana pamoja katikati, wakitaka kupigwa picha, inakuwa zaidi ya MPa 32, na ubao wenye fundo la tawi upande wa chini unaweza kuwaaga.

Sasa simamisha ubao ule ule kwa ubavu: upana santimetre 5, unene 20. Mti ni ule ule, bei ni ile ile. Mkono wa ndani unakuwa santimetre 13,33. Nguvu ya kuvuta inashuka mpaka niutoni 3375, na kontrenti ku ukingo ni MPa 1,35 tu. Ni mara nne kidogo! Na kupinda je? Kama mti una moduli ya MPa 10 000, ubao uliolala unashuka karibu milimetre 16, ule uliosimama karibu milimetre 1. Mara kumi na sita. Basi mafundi wetu wanaosimamisha mbao za paa kwa ubavu wanajua kitu, hata kama hawakuandika hata formule moja.

Mtu wa kwanza aliyejaribu kuhesabu jambo hili ni Galileo Galilei, wa Italia. Wakati huo alikuwa amefungiwa nyumbani kwake Arcetri, mzee, macho yakimpotea, na kitabu chake kilichapwa Leiden, Uholanzi, mwaka 1638. Alichora boriti iliyoingia ndani ya ukuta na mzigo unaoning'inia ku mwisho. Aliona vizuri kwamba unene unahesabika mara mbili na upana mara moja. Lakini aliwaza kwamba nyuzi zote zinavutwa, kutoka juu mpaka chini, na boriti inazunguka juu ya ukingo wake wa chini. Kwa hesabu yake boriti inapata nguvu mara tatu kuliko ile ya pembe tatu mbili. Ilikuwa inapashwa kungojea Mariotte, Parent, Coulomb mwaka 1773, na mwisho Navier aliyechapa masomo yake Paris mwaka 1826, mpaka mambo yakawa wazi. Karibu miaka 190, na watu wenye akili kabisa! Mwanafunzi asione haya kwamba hakufahamu kwa jioni moja.

Tena, Navier yule, mwaka ule ule 1826, alikuwa akijenga daraja la kutundikwa juu ya mto Seine. Hesabu zake za boriti zilikuwa nzuri. Lakini pale minyororo ilipofungwa katika udongo, mawe yalisogea, bomba la maji likapasuka na kulowesha yote, na daraja likabomolewa mbele halijafunguliwa. Sisi tunalikumbuka kila mara mtu anapomaliza hesabu ya boriti bila kuuliza boriti inalala juu ya nini.

Mambo ya beto yanafwata mlemle. Beto ni ndugu ya chaki: ikikandamizwa inavumilia MPa 20 ao 25 bila shida, ikivutwa inapasuka karibu kwa sehemu ya kumi ya hiyo. Ndiyo sababu tunaweka chuma ndani. Na ni bahati kubwa kwamba chuma na beto vinapanuka karibu sawasawa kwa joto. Bila hiyo, jua la mchana na baridi ya usiku vingewaachanisha. Lakini chuma kinawekwa wapi? Pale beto inapovutwa. Kwa boriti iliyolala juu ya kuta mbili, tumbo la chini ndilo linavutwa, basi chuma kikubwa kinakaa chini. Kila fundi anajua hilo. Anajua sana, hata anasahau kwamba haiko hivyo kila pahali.

Katika mtaa tunapokaa sasa, mwenye nyumba mmoja alipandisha etaje, akataka balkoni ya kutoka nje karibu metre moja na nusu. Fundi wake si mvivu: mchanga aliusafisha, simenti hakuiba, chuma alihesabu cha kutosha. Akakiweka chini, kama alivyozoea. Siku walipotoa mbao za kofraji, mstari ulionekana juu, kando ya ukuta kabisa, mwembamba kama unywele. Kesho yake uliingia kidole. Kwa neema hakuna mtoto aliyekuwa akicheza chini; mwenye nyumba aliwaita watu wenye nyundo, wakaiangusha wenyewe mbele haijaanguka.

Munaona sasa? Balkoni ni boriti ya Galileo. Imeshikwa upande mmoja tu, mwisho wake unashuka, basi upande wa juu ndio unavutwa, na unavutwa zaidi pale pale karibu na ukuta. Chuma kilipashwa kukaa juu, tena kiingie mbali ndani ya nyumba ili kisichomoke. Pesa ni ile ile, kilo za chuma ni zile zile. Tofauti ilikuwa santimetre kumi tu, kati ya chini na juu. Na wenye kufanya kazi wakikanyaga vile vyuma vya juu wakati wa kumwaga beto, vinashuka tena chini bila mtu kuona. Mujue kuviinua juu ya viti vidogo vya chuma, na kuangalia mpaka beto ya mwisho imemwagwa. Nyumba za etaje zinaongezeka katika miji yetu, na nyingi hazina enjenia. Kama mmoja wenu akipita mbele ya shantie na kuona chuma cha balkoni kimelala chini, asalimie wazee kwanza, kiisha aseme.

Juu ya nguzo tutasema kidogo tu. Chukueni late ya plastike, musimamishe juu ya meza, mubonyeze kwa kiganja. Mbele haijapondeka, inakimbia ubavuni. Hiyo ni flambaje, na Euler aliihesabu mwaka 1744. Ukizidisha urefu mara mbili, nguvu ya kuvumilia inashuka mara nne. Basi nguzo nyembamba na ndefu isidanganye mtu kwa uzuri wake.

Yule atakayepata bahati ya kufika Matadi aangalie lile daraja juu ya mto Kongo, lililojengwa pamoja na Wajapani na kufunguliwa mwaka 1983. Kati ya nguzo na nguzo ni metre 520. Kila kitu cha somo hili kiko pale mbele ya macho: kamba kubwa zinavutwa tu, nguzo zinakandamizwa na kuogopa flambaje, na bamba la njia linapindika kila lori linapopita.

Sasa namna ya kusoma. Mbele ya yote, statike. Mtu asiyeweza kutafuta nguvu za kando ya ubao asifungue kitabu cha RDM; arudi kwa mwalimu wake wa fizike, hata kama ni haya. Kiisha, kuchora: kila zoezi lianze na picha kubwa, si ile ndogo inayojificha ku kona ya karatasi, na mishale yote iwekwe, hata ile ya kando. Watu wengi tunaosoma nao wanaanguka juu ya mshale mmoja waliousahau. Chagua alama ya jumlisha na ya toa mwanzo, na usiigeuze katikati ya njia. Kipimo kimoja tu kwa zoezi zima: sisi tunatumia niutoni na milimetre, wengine wanapenda santimetre, ni sawa, lakini mwenye kuchanganya metre na milimetre atapata boriti yenye nguvu ya mlima ao ya uji. Ukipata jibu, liulize kama linaingia akilini: mti unaobeba MPa 500 haujapandwa bado.

Tena, musome wawili ao watatu, mmoja akieleza ku tablo na wengine wakimsumbua kwa maulizo. Formule utaisahau, boriti uliyoikata mwenyewe mbele ya wenzako haisahauliki upesi.

Zoezi kwa wenye kupenda, mbele ya gazeti letu lingine kutoka. Boriti ya mti, santimetre 8 kwa 16, inalala juu ya kuta mbili zenye umbali wa metre 4. Katikati inabeba kilo 200. Mti huu hauruhusiwi kupita MPa 8. Mutafute kontrenti boriti ikisimama kwa ubavu, na tena ikiwa imelala, museme ni namna gani inakubaliwa. Kiisha musogeze kuta mpaka metre 6 na muhesabu upya. Na wa seksio ya ujenzi wachore pia boriti ya beto inayolala juu ya kuta mbili na kuendelea nje metre moja na nusu kufanya balkoni, waonyeshe kwa krayo nyekundu chuma kinakaa wapi kwa kila sehemu, na ni pahali gani kinapashwa kupita kutoka chini kwenda juu.